Soksi Iliyojaa Kastadi

Inasimuliwa kwamba siku moja katika miaka ya 1950 mtu mmoja mwembamba, mwenye macho yasiyotulia, aliingia kantini ya BBC jijini London akawaomba akina mama wa jikoni wamjazie kastadi. Chombo alichowapa kilikuwa soksi. Walipomjazia, akaenda nayo mbio hadi studio, akaizungusha hewani na kuipigiza kwa nguvu kwenye ubao mbele ya kipaza sauti. Akasikiliza. Hakuridhika. Kastadi ya kweli, ndani ya soksi ya kweli, haikutoa sauti ya soksi iliyojaa kastadi.

Mtu huyo aliitwa Terence Alan Milligan, ingawa dunia ilimjua kwa jina la Spike. Wengi wanaoisimulia hadithi hii huitumia kuthibitisha kwamba alikuwa na kichaa. Mimi kila nikiisikia namwona fundi. Alikuwa na sauti kichwani, kamili, yenye uzito wake na unyevunyevu wake, na aliitafuta kama fundi cherehani anayerudia mshono ambao mteja hata asingeuona. Na siku hiyo kantini alijifunza jambo ambalo kazi yake yote ilisimama juu yake: sikio lina ukweli wake, na ukweli huo haupatikani kwa kubeba vitu kutoka jikoni. Hauna budi kutengenezwa.

Kipindi alichokitengenezea sauti hizo kiliitwa The Goon Show. Kilianza kurushwa tarehe 28 Mei 1951, kwanza kwa jina la Crazy People, kikaendelea hadi tarehe 28 Januari 1960: misimu 10, vipindi zaidi ya 200, kila kimoja nusu saa. Neno Goon Milligan alilitoa kwenye katuni za Popeye, zilizokuwa na viumbe wa ajabu wa jina hilo. Walioanza walikuwa wanne: yeye mwenyewe, Peter Sellers, Michael Bentine, na Harry Secombe wa Wales, mtu mnene mwenye kifua cha kuimbia opera. Bentine aliondoka baada ya msimu wa pili, wakabaki watatu. Watatu hao walijaza kipindi kizima watu, maana Sellers peke yake aliweza kuwa nusu ya kijiji. Huyu ndiye kijana ambaye mwaka 1948 alimpigia simu mtayarishaji wa BBC, Roy Speer, akiiga sauti ya mtangazaji maarufu Kenneth Horne, akamsifia kijana mmoja hodari anayeitwa Peter Sellers. Kisha akakiri. Speer akampa kazi.

Lakini sauti za Sellers zilihitaji maneno ya kusema na ulimwengu wa kutembea ndani yake, na hayo yalitoka kwa Milligan.

Ukitaka kujua sikio lile lilifunzwa wapi, anza India. Milligan alizaliwa Ahmednagar tarehe 16 Aprili 1918, baba yake akiwa mzaliwa wa Ayalandi aliyelitumikia jeshi la Uingereza na kupenda jukwaa, akiimba na kuchekesha mbele ya wanajeshi wenzake. Utoto wake ulipita Poona, kisha Rangoon kule Burma. Fikiria mtoto anayeamshwa kila asubuhi na baragumu la kambini, anayecheza kati ya lugha kadhaa, anayewasikia maofisa wa Kizungu wakifoka na usiku akimsikia baba yake akiwaigiza. Alipoletwa Uingereza miaka ya 1930, kwenye mvua na mitaa ya kijivu ya kusini mwa London, alikuwa mgeni katika nchi aliyoambiwa ni yake. Akajifunza tarumbeta na gitaa, akapiga jazi. Jina la Spike lenyewe alilipata kwa mapenzi yake kwa bendi ya Mmarekani Spike Jones, bendi iliyochanganya muziki na honi, kengele na milio ya risasi. Hakuna jina la utani lililowahi kumfaa mtu zaidi ya hilo.

Meja Dennis Bloodnok, mmoja wa wahusika wa Sellers, ametoka moja kwa moja katika utoto huo. Ni ofisa wa dola: mwoga, mwizi wa fedha za kikosi, mpenda wanawake wa watu, na tumbo lake halitulii hata siku moja. Msikilizaji wa Kiswahili ambaye babu yake alimhudumia ofisa wa namna hiyo atamtambua mara moja, kwa kofia yake na kikohozi chake. Milligan alikuwa mtoto wa kambi za dola, akaicheka dola kutoka ndani, wakati ambapo bado ilikuwa na bendera zake juu ya milingoti. Sisemi kwamba alikuwa na mikono misafi kila mahali. Mizaha yake kadhaa kuhusu Wahindi na watu weusi inakera, na hakuna ustadi unaoiokoa. Lakini Bloodnok anabaki kuwa kazi ya mtu aliyeona kwa macho yake.

Kisha ikaja vita. Milligan aliitwa jeshini mwaka 1940, akapelekwa kwenye kikosi cha mizinga mikubwa huko Bexhill, mji mdogo wa pwani kusini mwa Uingereza, ambako yeye na wenzake waliunda bendi ya jazi. Mwaka 1943 walikuwa Afrika Kaskazini. Secombe alipenda kusimulia jinsi walivyokutana huko: mzinga mkubwa wa kikosi cha Milligan haukushindiliwa vizuri ardhini, ulipofyatuliwa ukarudi nyuma, ukaanguka kutoka juu ya jabali na kutua karibu na gari alimokuwa Secombe. Baada ya muda pazia la gari likafunuliwa, akachungulia askari mmoja na kuuliza kwa upole kama kuna mtu ameuona mzinga. Secombe akajibu kwa kuuliza wa rangi gani.

Kicheko hicho kina upande wa pili. Januari 1944, nchini Italia, katika mapigano ya kuelekea Monte Cassino, kombora la mota lilimlipukia Milligan karibu sana. Jeraha la mguu lilipona. Yaliyoingia ndani hayakupona. Mizinga ilipolia, naye alilia. Aliondolewa mstari wa mbele, akamalizia vita akipiga gitaa katika vikundi vya kuwaburudisha wanajeshi.

Nayasema haya kwa sababu The Goon Show imejaa milipuko. Sijui kipindi kingine cha vichekesho chenye mabomu mengi kiasi hicho. Bluebottle, mtoto wa skauti mwenye sauti nyembamba aliyeigizwa na Sellers, hulipuliwa karibu kila wiki. Moshi haujatulia utamsikia akilalamika, kama mtoto aliyenyimwa peremende, kwamba wamemuua. Wiki inayofuata yupo tena. Mtu aliyeponea chupuchupu huchukua mlio uleule uliotaka kummaliza, akauweka mikononi mwake, akaamua yeye lini ulie na nani ainuke baada yake. Hapo mimi huacha kucheka kwa muda mfupi, halafu huanza tena.

Sasa tuingie karakana. Baada ya vita Milligan na wenzake walikuwa wakikutana katika baa iliyoitwa Grafton Arms, iliyoendeshwa na Jimmy Grafton, mwandishi wa vichekesho vya redio, na humo ndimo walimojaribu vichekesho vyao vya kwanza. Baadaye Milligan alikuwa na ofisi pamoja na mwandishi Eric Sykes, juu ya duka la mboga huko Shepherd's Bush. Aliandika vipindi vingi pamoja na Larry Stephens, vingine na Sykes, na vingi peke yake. Misimu mirefu ilihitaji vipindi zaidi ya 25. Kila wiki karatasi tupu. Jumapili hadhira inakaa ukumbini Camden Theatre, bendi iko tayari, waigizaji watatu wameshika makaratasi, na kile kilichoandikwa ama kitachekesha ama kitakufa mbele ya watu.

Ustadi wenyewe uko wapi? Wengine husema ni upuuzi mtupu, lolote linaweza kutokea. Sikubaliani nao kabisa. Mahali ambapo lolote linaweza kutokea hapachekeshi. Baada ya dakika tatu panachosha. Milligan alichagua jambo moja lisilowezekana, akalikubali kwa moyo wote, na baada ya hapo akawa mkali wa mantiki kuliko hakimu. Chukua kipindi cha Tales of Old Dartmoor cha mwaka 1956. Gereza la Dartmoor, jengo la mawe katikati ya nyika, linang'oa nanga na kusafiri baharini hadi Ufaransa kutafuta hazina. Hilo ndilo jambo moja. Baada ya hapo kila kitu kinafuata utaratibu: kama gereza limeondoka, lazima pawekwe kitu mahali pake watu wasishtuke, basi linawekwa gereza la maboksi. Kama ni chombo cha baharini, kina mawimbi, kina amri za nahodha, na kinaweza kuzama. Kwa sauti ya maji na filimbi tu umeshapanda. Katika Napoleon's Piano, cha mwaka 1955, Secombe akiwa Neddie Seagoon anatumwa Paris kuchukua piano ya Napoleon, na kwa kuwa hana namna nyingine ya kuirudisha, anaiabiri hadi Uingereza. Kamera ingetuonyesha piano iliyofungwa kwenye mtumbwi, nasi tungetafuta kamba zilikofichwa. Sikio halitafuti kamba. Likishasikia maji yakipiga ubavu wa kitu chenye nyuzi, limekwisha safiri.

Sisi tuliokua tukisikiliza Pwagu na Pwaguzi kwenye Radio Tanzania tunalijua jambo hili mwilini. Hatukuwahi kuona nyuso zao, na kila nyumba ilikuwa na nyuso zake.

Kabla ya Milligan, milio ya redio ilikuwa watumishi. Mlango uligongwa ili tujue mgeni amefika. Vifuu vya nazi viligonganishwa ili tujue farasi anapita. Milligan aliifanya milio iwe na tabia kama wahusika. Seagoon akiondoka kwa haraka husikii miguu, unasikia mvumo kama wa kombora, na ukimya unaobaki unakuchekesha kuliko mvumo wenyewe. Kwa upande mwingine wapo Henry Crun na Minnie Bannister, wazee wawili walioigizwa na Sellers na Milligan. Mtu akigonga mlango wao, jitayarishe. Wataulizana ni nani, watajibizana kama kweli pamegongwa, watasahau, watakumbuka, watagombana kuhusu jambo la miaka mingi iliyopita, na aliye nje anaendelea kugonga. Waandishi wa redio huogopa muda unaopotea. Milligan aliutandaza kama mkeka akawakalisha wazee wake juu yake, kwa sababu alijua baada yao utakuja ule mvumo.

Na haya yote yalifanywa kwa vifaa ambavyo leo tungeviweka makumbusho. Milio mingi ilikuwa kwenye santuri zinazozunguka mara 78 kwa dakika. Fundi mitambo alilazimika kuishusha sindano kwenye mfuo ule ule, sekunde ile ile, hadhira ikiwa imekaa. Milligan aliandika madai ambayo hayakuwa na santuri yoyote. Aligombana na mafundi, aligombana na wakubwa, na ugomvi huo haukuwa wa majivuno. Alitaka nusu sekunde. Mtayarishaji Peter Eton, aliyetoka upande wa michezo ya kuigiza, alimsaidia sana kwa kumbana: alitaka hadithi yenye mwanzo na mwendo, na vipindi vya miaka yake, katikati ya muongo ule, ndivyo ninavyovirudia zaidi. Mwaka 1958 BBC ilipofungua karakana yake ya sauti za kielektroniki, moja ya kazi zake za mwanzo zilizovuma ilikuwa ngurumo ya tumbo la Meja Bloodnok. Mitambo ya kisasa kabisa ya nchi ile, na wataalamu wake, wakishughulikia gesi tumboni mwa meja. Waliifanya kwa uangalifu mkubwa. Isikilize utasadiki.

Kuna kipande kimoja cha mwaka 1957 ambacho nikitaka kumweleza mtu Milligan ni nani humsimulia hicho. Eccles, yule mjinga mwenye roho safi ambaye Milligan mwenyewe alimwigiza, yuko na Bluebottle. Bluebottle anauliza saa ngapi. Eccles anasema ngoja, ameiandika kwenye karatasi: ni saa mbili. Aliandikiwa na mtu mwema alipomwuliza. Basi mtu akimwuliza saa, humwonyesha karatasi. Na kama wakati huo si saa mbili? Hapo hawaonyeshi. Na atajuaje kuwa sasa ni saa mbili? Si imeandikwa kwenye karatasi! Bluebottle anasikia wivu, naye angetaka karatasi kama hiyo. Halafu anaiweka sikioni. Anasikiliza. Haitembei.

Sipati neno la kuongeza wala la kupunguza hapo. Wajinga wawili wanazungumza kwa adabu, hakuna anayemcheka mwenzake, kila jibu limekaa sawasawa juu ya swali lake, na mwishoni karatasi inashindwa mtihani wa saa. Jinsi Milligan anavyoyatamka maneno ya Eccles, polepole, kama mtu anayevuka mto kwa kukanyaga jiwe moja moja, huwezi kuikopi. Hamdharau Eccles hata kidogo. Wachekeshaji wengi huwaigiza wajinga ili tujue wao wenyewe ni werevu. Milligan alisogea pembeni akamwachia Eccles nafasi yote.

Gharama ilikuwa kubwa. Mwishoni mwa mwaka 1952, akiwa na mke na mtoto mchanga na rundo la kurasa za kuandika, akili yake ilivunjika, akalazwa hospitali, na vipindi kadhaa vikaendelea bila yeye. Alirudi. Aliishi na ugonjwa huo hadi uzee, vipindi vya furaha kali vikifuatwa na miezi ya giza, na alikuwa miongoni mwa watu wa kwanza mashuhuri nchini mwake kuusema hadharani bila kuona aibu. Aliamini kwamba The Goon Show ndiyo iliyomharibia afya na ndoa yake ya kwanza. Mimi sipendi ile hadithi ya kwamba wazimu ndio uliompa kipaji. Wazimu ulimnyang'anya wiki za kazi. Kilichoandika vipindi vile ni mtu aliyeketi mezani akiwa mgonjwa, akafuta, akaandika tena.

Filamu hazikujua la kufanya naye. Yeye na wenzake walitoa Down Among the Z Men mwaka 1952, na inasikitisha kuitazama. Kamera imesimama mbele ya watu wanaochekesha kana kwamba inasubiri basi. Mwaka 1956 ikaja filamu fupi, The Case of the Mukkinese Battle-Horn, yenye uhai zaidi. Lakini ile iliyofungua mlango ni The Running Jumping & Standing Still Film ya mwaka 1959: dakika 11, iliyopigwa na Sellers, Milligan, Richard Lester na marafiki zao kwenye uwanja wa majani, Jumapili mbili, kwa takriban pauni 70. Humo mtu anaweka santuri juu ya kisiki cha mti, halafu anakimbia kukizunguka akiwa ameshika sindano, na muziki unatoka. Kisiki hakizunguki; mtu ndiye anayezunguka. Ni mantiki ileile ya karatasi ya saa, safari hii kwa macho, na ilikuwa lazima wamwondoe mtu kwenye studio na kumpa uwanja mtupu ndipo iwezekane. Filamu hiyo iliteuliwa kuwania tuzo ya Oscar. The Beatles, waliokuwa wakiipenda The Goon Show tangu utoto, waliipenda na hiyo, na Lester ndiye aliyekuja kuongoza filamu yao ya A Hard Day's Night mwaka 1964.

Milligan aliendelea kwa miongo mingine minne: vitabu, mashairi ya watoto, kumbukumbu za vita, mfululizo wa televisheni ulioanza na Q5 mwaka 1969. Kundi la wachekeshaji la Monty Python lilikuwa likitafuta namna ya kutengeneza kipindi chake mwaka huohuo, na mmoja wao, Terry Jones, alisema waziwazi kwamba walipoiona Q5 walishtuka. Milligan alikuwa amekwisha fika walikotaka kwenda, akiuacha mchezo katikati bila kuumalizia mara tu kicheko kilipopatikana.

Miaka kumi hivi baadaye, kundi hilohilo lilikuwa Tunisia likipiga filamu ya Life of Brian. Wakagundua kwamba Milligan yuko palepale, mapumzikoni, akizunguka sehemu alizopigana ujanani. Wakamwomba aingie kwenye filamu, akavaa kanzu, akaigiza mzee anayebaki nyuma peke yake wakati umati wote umekwisha timua mbio. Walipotaka kuendelea naye mchana, wamsogezee kamera karibu, hawakumpata. Alikuwa amerudi kwenye safari yake.